Haki ya Mwenye Duka Mbele ya Mwenye Mamlaka

Bismillahi Rahmani Rahim. Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Bwana Mtume Muhammad, na jamaa zake, na masahaba wake wote. Ama baada ya hayo:

Uislamu ulifika Buganda mwaka 1844 kwa mikono ya wafanya biashara waliotoka pwani, na tangu siku hizo riziki ya Waislamu wengi wa Uganda imekuwa dukani na sokoni. Ndani ya duka moja dogo mna ada ya shule ya watoto, mna chakula cha wazee, mna deni la mtaji, mna zaka ya mwaka. Basi siku mwenye duka anapoamka akakuta ukuta wake umetiwa alama ya rangi nyekundu, au karatasi imebandikwa mlangoni kwamba ahame katika siku chache kwa sababu barabara itapanuliwa au soko litajengwa upya, huona kuwa dunia yote imemgeukia.

Aghalabu watu hufanya moja katika mambo mawili. Wengine hukaa kimya, wakasema kuwa serikali haishitakiwi, na kwamba mwenye nguvu mpishe. Wengine hushika mawe, wakaishia gerezani, na duka likavunjwa vile vile. Njia zote mbili ni za hasara. Iko njia ya tatu, nayo ni kongwe kuliko mabaraza yote ya miji: kumwita mwenye mamlaka mbele ya hakimu. Njia hii haikuanza kwa Wazungu. Waislamu waliijua, wakaitumia, wakaiandikia vitabu, na khabari zake ni hizi zifuatazo.

MGENI ALIYEPANDA JABALINI

Yapata miaka 20 kabla ya Bwana Mtume (s.a.w.) kuletewa wahyi, mtu mmoja wa kabila la Zubayd, katika watu wa Yemen, aliingia Makka na bidhaa zake. Akazinunua al-As bin Wail, mkubwa wa ukoo wa Sahm, kisha akamnyima thamani yake. Mgeni yule hakuwa na ukoo Makka wa kumtetea. Aliwaendea watu waliokuwa na mapatano na ukoo wa al-As, wakamfukuza. Alipokata tamaa alipanda jabali la Abu Qubays wakati wa kuchomoza jua, na Makureshi wamekaa makundi makundi kuizunguka Kaaba, akapaza sauti akaeleza dhulma aliyotendewa.

Kilio kile hakikupotea. Zubeir bin Abdul-Muttalib, ami yake Mtume, alisimama, na baadhi ya koo za Makureshi zikakutana katika nyumba ya Abdallah bin Judan. Wakaapa kuwa watakuwa mkono mmoja pamoja na mwenye kudhulumiwa, awe mwenyeji au mgeni, mpaka arudishiwe haki yake. Kisha wakamwendea al-As, wakaitoa mali ya yule mtu mikononi mwake, wakampa mwenyewe. Kiapo hicho huitwa Hilf al-Fudul. Bwana Mtume alikuwa kijana wakati huo, naye alihudhuria. Na baada ya kupewa utume alikuwa akikisifu kiapo kile, na kusema kwamba lau angeitwa kwa kiapo mfano wake katika Uislamu, angeitika.

Mwanachuoni al-Mawardi, alipoandika juu ya mahakama ya malalamiko, alikihesabu kiapo hiki katika asili za mahakama hiyo. Na msomaji aangalie jambo moja: mfanya biashara yule hakuwa na hakimu wa kumkimbilia. Alichokipata kwanza ni chama cha watu waliokubali kusimama naye.

NYUMBA YA SAYYIDNA ABBAS

Alipohamia Madina, Bwana Mtume aliwawekea Waislamu soko lao, akaamrisha lisitozwe kodi. Katika soko lile mtu hakumiliki pahali. Sayyidna Umar (r.a.) alikuwa akilifananisha soko na msikiti, kwamba aliyetangulia pahali ndiye mwenye haki napo mpaka aondoke au amalize kuuza. Kwa hiyo tangu mwanzo ilijulikana kwamba soko na njia ni vya watu wote, na nyumba ya mtu ni ya mtu. Ugomvi hutokea pale haki hizi mbili zinapokutana katika kiwanja kimoja.

Mara moja zilikutana, na aliyetaka kutwaa alikuwa Khalifa mwenyewe. Katika mwaka wa 17 wa hijra, sawa na mwaka 638, Waislamu walikuwa wamezidi kuwa wengi na Msikiti wa Mtume umewabana. Sayyidna Umar alinunua nyumba zilizokuwa karibu, lakini Sayyidna Abbas bin Abdul-Muttalib, ami yake Mtume, alikataa kuitoa nyumba yake. Khalifa alimpa hiari katika mambo matatu: aiuze kwa thamani itakayotoka Baitul-Mali, au ajengewe nyumba nyingine pahali apendapo katika Madina, au aitoe sadaka kwa Waislamu. Abbas akayakataa yote matatu.

Hapo Umar, ambaye majeshi yake yalikuwa yakiangusha dola ya Waajemi, hakutuma watu wa kuvunja. Alikubali wateue hakimu baina yao, naye akawa Ubayy bin Kaab, bingwa wa wasomaji wa Kurani. Ubayy alisimulia khabari aliyoisikia kwa Mtume, ya Nabii Daud (a.s.) alipoamrishwa kujenga Baitul-Mukaddas: nyumba ya mtu mmoja iliingia katika mpaka wa jengo, Daud akaazimia kuitwaa, naye akakatazwa na Mola wake kuingiza kitu cha kupokonywa katika nyumba ya ibada. Hukumu ikawa ya Abbas. Umar akaipokea. Na Abbas, alipokwisha kuthibitishiwa kwamba nyumba ni yake na hapana wa kumtoa, aliitoa sadaka kwa Waislamu bila ya kutaka thamani.

Kisa hiki kimepokewa kwa njia zaidi ya moja, na maneno yake hutofautiana, lakini shina lake halibadiliki. Khalifa alikuwa na haja ya kweli, nayo ni msikiti. Alikuwa na fedha ya kulipa. Alikuwa na nguvu. Juu ya hayo yote alikwenda kwa hakimu, na hakimu hakumwogopa.

Lakini historia haina budi isimuliwe yote. Katika mwaka ule ule wa 17 Sayyidna Umar aliupanua Msikiti wa Makka, na Sayyidna Uthman (r.a.) akaupanua tena katika mwaka wa 26. Huko wenye nyumba waliokataa kuuza walivunjiwa, na thamani zao zikawekwa amana mpaka wazichukue. Wakati wa Uthman watu hao walipiga kelele akawafunga, mpaka Abdallah bin Khalid bin Asid alipowaombea, wakaachwa. Wanavyuoni wengi waliofuata waliziweka khabari hizi mizani moja na ile ya Abbas, wakatoa kanuni: mali ya mtu haitwaliwi bila ya ridhaa yake ila kwa maslaha ya watu wote yaliyo dhahiri, na kwa thamani yake. Kanuni hii haimpi mwenye mali ushindi wote, wala haimpi mtawala ushindi wote.

DAFTARI LA KHALIFA NA SOKO LA MADINA

Umar bin Abdul-Aziz alitawala kwa muda mfupi, kutoka mwaka 717 mpaka 720, na kazi aliyojulikana nayo zaidi ni kurudisha mali zilizotwaliwa kwa dhulma na jamaa zake mwenyewe wa Banu Umayya. Al-Mawardi amesimulia kisa cha mtu aliyetoka Yemen akamlalamikia kwamba ardhi yake ilitwaliwa na al-Walid bin Abdul-Malik, aliyekuwa Khalifa kabla yake. Umar hakumwambia mtu yule alete mashahidi kutoka Yemen. Alimwamrisha Muzahim, mtumishi wake, alete daftari la serikali. Likafunguliwa, na ndani yake ikaonekana imeandikwa kwamba al-Walid aliichagua ardhi ya fulani. Umar akaamrisha jina la ardhi lifutwe katika daftari, iandikwe barua arudishiwe mwenyewe, na apewe mara mbili ya gharama alizozitumia katika kudai haki yake.

Katika kisa hiki kifupi mna mambo matatu ambayo mawakili wa leo huyapigania mahakamani. La kwanza, daftari la serikali lenyewe ni ushahidi juu ya serikali. La pili, dhulma ya mtawala aliyepita haiwi halali kwa kupita miaka na kuja mtawala mwingine. La tatu, mwenye kushinda alipwe na gharama zake, ili mnyonge asiogope kudai kwa sababu ya nauli.

Miaka michache baadaye mambo yalikuwa kinyume. Wakati wa Hisham bin Abdul-Malik kulijengwa jengo kubwa katika soko la Madina, lenye maduka, na watu wakatozwa kodi katika soko ambalo Mtume aliliacha bila ya kodi. Jengo lilisimama maadamu Hisham yu hai. Ilipofika khabari ya kufa kwake, mwaka 743, watu wa Madina walilivamia wakalibomoa. Hivyo ndivyo inavyokuwa pale watu wanapobaki na kinyongo chao bila ya kupata mahali pa kukitua. Nyundo hufanya kazi ambayo kalamu ya hakimu ingeifanya kwa amani, na hasara huwa ya wote.

BAGHDAD NA MAHAKAMA YA MALALAMIKO

Khalifa al-Mansur alianza kuujenga mji wa duara wa Baghdad mwaka 762, na masoko yakawa ndani ya kuta zake. Baada ya miaka 12, katika mwaka 774, aliamrisha masoko yahamishwe nje, upande wa Karkh. Wanahistoria wametofautiana katika sababu. Wengine wamesema aliogopa wapelelezi wanaoingia mjini kwa jina la biashara, wengine wamesema ni fitina iliyotokea miongoni mwa watu wa sokoni. Vyovyote ilivyokuwa, maelfu ya watu walifungasha bidhaa zao kwa neno la mtu mmoja. Kisha mwanawe, al-Mahdi, akawatoza wenye maduka kodi ambayo baba yake hakuitoza.

Lakini al-Mahdi huyo huyo ndiye, kwa maneno ya al-Mawardi, aliyekuwa wa kwanza katika makhalifa wa Bani Abbas kukaa barazani kusikiliza malalamiko ya watu. Baraza hilo huitwa kwa Kiarabu Diwan al-Madhalim, yaani baraza la wenye kudhulumiwa. Al-Mawardi, aliyekuwa kadhi na aliyefariki Baghdad mwaka 1058, amelieleza vizuri. Kadhi wa kawaida hukata kesi baina ya mtu na mtu. Lakini mtu akidhulumiwa na liwali, au na mtoza kodi, au na karani wa serikali, kadhi huweza kushindwa kumleta mshitakiwa mbele yake. Kwa hiyo baraza hili lilikusanya utukufu wa dola na uadilifu wa kadhi pahali pamoja. Hakimu wake alikuwa na watu wa namna tano pembeni yake: askari wa kumleta mwenye nguvu asiyetaka kuja, makadhi wa kueleza hukumu, wanavyuoni wa kuulizwa panapokuwa na shaka, makarani wa kuandika, na mashahidi wa kushuhudia hukumu iliyotolewa.

Katika kazi za baraza hili, al-Mawardi ametaja dhulma ya maliwali kwa raia, kodi iliyotozwa kupita kiasi, na kurudishwa kwa mali zilizoporwa na watawala. Juu ya kodi amesema kuwa iliyozidi irudishwe kwa wenyewe, ikiwa imeingia katika hazina, na ikiwa karani ameitia mfukoni mwake, itolewe mfukoni mwake. Juu ya mali zilizoporwa amesema kuwa hakimu akijua kwa nafsi yake ataamrisha zirudishwe hata kabla mwenyewe hajalalamika. Na asipojua, itangojwa mwenyewe aje.

Maneno hayo ya mwisho yafaa kuzingatiwa. Itangojwa mwenyewe aje. Sheria iliyofungua mlango haimfuati mtu kitandani kwake.

NJIA SI KIWANJA CHA MTU

Wala mtu asidhani kwamba wanavyuoni walikuwa upande wa wenye maduka siku zote. Katika kitabu hicho hicho al-Mawardi ameeleza kazi ya muhtasib, yule mwangalizi wa soko aliyepima mizani na kukagua vyakula. Amesema kuwa watu wakijenga katika njia ya watu wote, muhtasib atawazuia, hata ikiwa njia ni pana, na atawaamrisha wakivunje walichojenga, hata kama walichojenga ni msikiti. Kwa kuwa njia imewekwa kwa kupita, haikuwekwa kwa kujenga. Kuweka bidhaa kwa muda mbele ya mlango aliruhusu, maadamu hapana mpita njia anayedhurika.

Hukumu hii ni nzito kwa mwenye duka aliyesogeza baraza lake futi 3 mwaka huu na futi 3 mwaka ujao, mpaka mama mwenye mtoto mgongoni akalazimika kupita katikati ya magari. Mtu huyo akiletewa amri ya kuvunja, asiseme kuwa amedhulumiwa kwa kuwa tu amevunjiwa. Atazame kwanza hati yake na mpaka wa kiwanja chake. Mwenye kutaka haki aje na mikono iliyotakata.

THAMANI KABLA YA KUVUNJA

Karne nyingi baadaye, wanavyuoni wa dola ya Waturuki, chini ya Ahmed Cevdet Pasha, walikusanya sheria za mali na mapatano kwa madhehebu ya Imam Abu Hanifa katika kitabu kimoja kiitwacho Majalla. Kazi ilianza kutolewa mwaka 1869 ikamalizika mwaka 1876, na sheria hiyo iliendelea kutumika katika nchi kadhaa za Kiarabu baada ya dola yenyewe kuondoka. Kifungu chake cha 1216 kinahusu ardhi inayotakiwa kwa ajili ya barabara. Hukumu yake ni kwamba, panapokuwa na haja, milki ya mtu huweza kutwaliwa kwa amri ya Sultani kwa thamani yake ikatiwa katika njia, lakini haitoki mkononi mwa mwenyewe mpaka alipwe.

Ugomvi wote wa barabara na maduka umo ndani ya kifungu hicho. Aliyeahidiwa kulipwa baadaye amekwisha kupoteza duka lake, na wateja wake, na nguvu yake ya kudai. Aliyelipwa kwanza huondoka na mtaji wa kuanzia pengine.

SHERIA ILIYOKUJA UGANDA

Waturuki hawakutawala Uganda, na Majalla haikuletwa huku. Sheria iliyoletwa ni ya Kiingereza, kwa amri ya mfalme wa Uingereza ya mwaka 1902. Lakini ndani ya sheria hiyo nayo mlikuwa na kisa ambacho Muislamu akikisoma hakioni kuwa kigeni.

Mwaka 1863, katika London, mjenzi mmoja aitwaye Cooper aliishitaki bodi ya kazi za mtaa wa Wandsworth. Sheria ya mwaka 1855 ilimtaka kila mwenye kujenga atoe khabari kwa bodi siku 7 kabla ya kuanza, na asipotoa, bodi iliweza kuivunja nyumba. Bodi ilisema haikupata khabari yoyote. Nyumba ilipofika orofa ya pili, ilituma watu jioni wakaibomoa, bila ya kumwita mwenyewe na kumuuliza. Bodi ilijitetea kuwa sheria imeipa ruhusa ya kuvunja na haikuitaka imsikilize mtu kwanza. Majaji wakakataa. Walisema kuwa mtu hapokonywi mali yake kabla ya kupewa nafasi ya kujieleza, hata kama sheria iliyoandikwa imenyamaza. Jaji mmoja alirejea maneno ya jaji aliyemtangulia, ya mwaka 1723, kwamba hata Mwenyezi Mungu hakumhukumu Adam kabla ya kumwita na kumuuliza.

Kila aliyesoma Suratul-Aaraf anajua kuwa Adam na Hawa waliitwa na Mola wao wakaulizwa juu ya mti waliokatazwa, ilhali Mwenye kuuliza anajua yote. Na imepokewa kuwa Bwana Mtume alipomtuma Sayyidna Ali (r.a.) Yemen awe kadhi, alimuusia asihukumu baina ya wagomvi wawili mpaka amsikilize wa pili kama alivyomsikiliza wa kwanza. Basi msingi huu ni mmoja, ijapokuwa umefika kwa njia mbili. Na iangaliwe kuwa Cooper hakuhesabiwa kuwa mtu asiye na kosa. Alishinda kwa sababu hata mwenye kosa ana haki ya kusikilizwa.

MIAKA YA 1972 MPAKA 2015

Uganda yenyewe imeonja uchungu wa mali kutwaliwa bila ya hakimu. Mwaka 1972 Rais Idi Amin aliwaamuru Waasia waondoke nchini katika siku 90. Maduka yao yaliachwa na funguo zake, yakagawiwa wengine. Miongoni mwa waliofukuzwa walikuwamo Waislamu, na miongoni mwa waliopokea funguo walikuwamo Waislamu pia. Hapana aliyeulizwa, hapana aliyesikilizwa, na thamani haikulipwa kabla ya kutwaliwa.

Baada ya miaka 10, mwaka 1982, Bunge lilitunga sheria ya kuzishughulikia mali hizo. Wenyewe wa asili waliruhusiwa kumwomba Waziri awarudishie, na asiyeridhika na uamuzi wa Waziri alipewa njia ya kwenda Mahakama Kuu. Basi waliopewa maduka na mtawala kwa neno la mdomo waliona kuwa neno la mdomo halina mizizi. Mali isiyo na haki nyuma yake huondoka kama ilivyokuja, na anayefurahia duka la jirani lililoporwa ajue kwamba mlango uliovunjwa kwa jirani haufungiki tena kwake.

Katiba ya mwaka 1995 ilikuja na dawa. Kifungu cha 26 kinalinda mali ya kila mtu, na kinakataza isitwaliwe kwa nguvu ila kwa haja ya umma iliyotajwa humo, na kwa fidia ya haki na ya kutosha inayolipwa upesi, kabla ya mali kutwaliwa. Kifungu cha 42 kinampa kila anayefika mbele ya ofisi ya serikali haki ya kutendewa kwa uadilifu, na haki ya kwenda mahakamani juu ya uamuzi wowote uliotolewa dhidi yake.

Lakini sheria ya zamani ya kutwaa ardhi, ya mwaka 1965, ilikuwa bado inamruhusu ofisa kuingia katika ardhi ya mtu kabla ya fidia kulipwa. Raia walikwenda mahakamani, na mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya Uganda ikaamua katika kesi iliyohusu mamlaka ya barabara kwamba kifungu kile kinapingana na Katiba, kwa kuwa hakikutaka malipo yatangulie. Aliyeisoma Majalla angetabasamu: yale yale ya kifungu cha 1216 yalipata nguvu Kampala baada ya karne moja na zaidi.

MAFUNZO KWA MWENYE DUKA

Khabari hizi hazina faida zikisomwa kama hadithi za kupitishia wakati. Mafunzo yake kwa mwenye duka ni machache na ya wazi.

Kwanza ni maandishi. Yule mtu wa Yemen aliokolewa na daftari. Mwenye duka na ahifadhi hati ya kiwanja au mkataba wa kukodi, ramani iliyokubaliwa, leseni ya kila mwaka, na stakabadhi za kodi zote, na nakala zake aziweke nje ya duka. Mpangaji naye asijione hana kitu, kwa kuwa Katiba imelinda pia haki ya mtu juu ya mali, hata kama mali yenyewe ni ya mwingine.

Pili ni kujibu kwa maandishi. Karatasi iliyobandikwa mlangoni isichanwe wala isipuuzwe. Ipigwe picha, isomwe tarehe yake na sheria iliyotajwa humo, kisha ipelekwe barua ya kuomba kusikilizwa, na nakala ipigwe muhuri wa kupokelewa. Ofisi iliyoombwa ikakataa kusikiliza imejifunga yenyewe mbele ya jaji.

Tatu ni kuwahi. Kanuni za mahakama za Uganda za mwaka 2009 zinamtaka mwenye kulalamikia uamuzi wa ofisi ya umma kwa njia ya mapitio ya Mahakama Kuu afike upesi, na isipite miezi 3. Katika njia hiyo jaji huweza kuutangua uamuzi, au kuizuia ofisi isiendelee, au kuilazimisha itimize wajibu wake, na huweza kutoa amri ya muda ili jengo lisivunjwe kesi ikiendelea. Lakini jaji huyo huangalia zaidi namna uamuzi ulivyofikiwa: je, mtu alisikilizwa, na je, ofisi ilikuwa na mamlaka. Hachagui yeye barabara ipite wapi. Kwa hiyo anayekwenda kwa jaji aende na hoja hizo, asiende na hasira. Na mwenye kudai thamani kubwa zaidi ya aliyopewa, huyo atataka mthamini wake na hesabu zake.

Nne ni kusimama pamoja. Mgeni wa Zubayd asingepata haki yake peke yake. Wenye maduka 30 wa mstari mmoja wakichanga, humpata wakili ambaye mmoja wao hawezi kumlipa, na barua yao moja husomwa kwa makini zaidi. Hapo ndipo jumuiya ya Waislamu ina kazi: kumjulisha mjane mwenye kibanda kwamba ana haki, kumsomea karatasi asiyeijua lugha ya karatasi, na kumwambia ukweli yule ambaye baraza lake limeingia njiani. Wala chama hicho kisiwe cha Waislamu dhidi ya wengine, kwani mgeni aliyeteteWa Makka hakuwa wa ukoo wa waliomtetea.

Mwenye mamlaka naye ana fungu lake katika khabari hizi. Barabara zinahitajika, na masoko yanahitaji maji na usafi, na mji usiopangwa huwadhuru wanyonge kwanza. Lakini anayetaka kujenga mji na akumbuke kuwa Sayyidna Umar alihitaji nyumba moja tu, akakubali kushindwa na hakimu, na mwisho akaipata nyumba ile bure, pamoja na radhi ya mwenyewe. Hisham alijenga soko bila ya radhi za watu, na jengo lake halikumaliza wiki nyingi baada yake.

Mwenyezi Mungu awajaalie wenye mamlaka wasikie kabla ya kuhukumu na walipe kabla ya kuvunja, na awajaalie wenye maduka riziki ya halali na subira ya kufuata njia ya haki mpaka mwisho wake. Wabillahi taufiki.